Kabla ya Kusitisha Kifurushi cha Familia

"Nimekuja unitoe kwenye lile gemu," Kassimu alimwambia Shamimu hata kabla ya kuketi. "Wanakata hela kila mwezi, na mtoto hachezi tena. Nitoe tu, yaishe."

Shamimu alikuwa na duka la kuchapa na kutoa nakala pale Chikongola, mjini Mtwara, na ndiye aliyemfungulia Kassimu akaunti ya gemu miaka mitatu nyuma. Alimjua vizuri, kwa sababu friji la soda lililokuwa mlangoni kwake lilikuwa likifa na kufufuliwa na mikono ya Kassimu. Kassimu alikuwa fundi wa majokofu na viyoyozi, mtu wa miaka thelathini na tisa, vidole vimejaa makovu ya kuchomea mabomba ya shaba. Mtwara nzima ilimsifu. Akikwambia Alhamisi, ni Alhamisi. Akikwambia hiki chombo kimekufa, usipoteze hela zako, ujue kimekufa kweli. Kilichomshinda ni nyumba yake.

Farida, aliyekuwa mkewe, alivumilia miaka tisa. Kassimu hakuwa mlevi, wala hakuwahi kumwinulia mkono. Alikuwa na wivu, na wivu wake ulikuwa wa maswali. Ulikuwa wapi? Na nani? Mbona simu yako ilikuwa inatumika? Yule aliyekusalimia sokoni unamjulia wapi? Akijibiwa, alilichokonoa jibu mpaka atoe humo swali la pili. Farida alikuwa muuguzi, na kila zamu yake ilikuwa kesi. Mwisho wake akaomba uhamisho na akadai talaka, akavipata vyote ndani ya mwaka mmoja. Akahamia Morogoro na binti yao, Hafsa, aliyekuwa na miaka minane. Baadaye akaolewa na mwalimu mmoja wa sekondari anayeitwa Suleimani, ambaye Kassimu hakuwahi kumwona kwa macho.

Mashine ya gemu ilikwenda Morogoro na mtoto. Kassimu aliinunua kwa mhandisi mmoja aliyemaliza mkataba wake kwenye kiwanda cha gesi cha Madimba na hakutaka kubeba mizigo mingi kwao, akampa Hafsa siku ya kuondoka stendi, imefungwa ndani ya kanga mbili isivunjike. Yeye mwenyewe akajitafutia nyingine kuukuu. Shamimu akawafungulia kile kinachoitwa kifurushi cha familia: mtu mmoja analipa, ndiye anayehesabiwa mkuu wa familia, na wengine wanacheza kwa mgongo wake.

Walichagua gemu la kujenga. Unapewa kisiwa kitupu, unakata miti, unachimba mawe, unafuga kondoo, unajenga unachotaka. Kila Jumamosi saa kumi, akishaswali alasiri, Kassimu alikaa kwenye mkeka chumbani kwake Chuno, akavaa spika za masikioni, na sauti ya binti yake ikamjia kutoka Morogoro kana kwamba wamekaa mkeka mmoja. Mwaka wa kwanza ulikuwa mtamu. Hafsa alitandaza barabara za mawe zilizopindapinda bila sababu, na baba mtu, kwa vile ni fundi, alimfuata nyuma akizinyoosha.

"Baba, usininyooshee! Nataka zipinde!"

"Barabara gani inapinda kama mkia wa mbwa?"

"Ya kwangu!"

Wakacheka mpaka jirani akagonga ukuta.

Halafu, mwezi wa nane mwaka uliopita, Hafsa aliacha kuja. Kassimu aliingia kisiwani Jumamosi saa kumi, akakuta jina la mtoto ni la kijivu, maana yake hayupo. Wiki iliyofuata, vivyo hivyo. Alipompigia kupitia simu ya mama yake, mtoto alisema, "Kazi za shule nyingi, baba." Kassimu hakukata tamaa. Aliendelea kuingia kila Jumamosi, akatembea kwenye zile barabara, akalisha kondoo, akasubiri mpaka saa kumi na mbili, akazima. Ilipofika Januari akajiambia kwamba mtoto amekua, gemu limemtoka, na mtu mzima kulisha kondoo wasiokuwepo ni kujitia wazimu. Ndipo akaja Chikongola.

"Keti kwanza, kaka Kassimu," Shamimu alisema. "Kujitoa kuna mambo yake. Uyajue kabla, usije ukanilaumu."

"Nijue nini? Hachezi. Basi."

"La kwanza, umeshalipia mpaka tarehe kumi na tisa. Ukisitisha leo hawakurudishii kitu, ila watakuacha ucheze mpaka siku hiyo. Ukichelewa hata siku moja, wanakata mwezi mwingine. La pili, magemu yote mliyopata kwa kifurushi yanafungwa. Utayaona kwenye mashine, lakini hayafunguki. La tatu, hicho kisiwa chenu hakiko chumbani kwako, kimehifadhiwa kwao. Watakitunza miezi sita wakitegemea utarudi. Usiporudi wanakifuta, na kikishafutwa hakuna wa kumlilia."

"Wakifute."

"Na la nne, wewe ndiye mkuu wa familia. Ukitoka wewe, kila aliye chini yako anatolewa. Ngoja nione mko wangapi."

"Tuko wawili, na mmoja ameshaacha. Bonyeza, dada, nina kazi Mikindani."

Shamimu akafungua ukurasa wa familia. Akasoma, akasogeza uso karibu na kioo, akasoma tena.

"Hajaacha," alisema. "Amecheza jana."

Kassimu aliona jina la binti yake na chini yake tarehe ya jana, saa kumi na moja na dakika ishirini jioni. Kitu cha kwanza kilichomjia kilikuwa furaha. Ilimpanda ghafla mpaka akatabasamu mbele ya Shamimu, meno yote nje. Mtoto anacheza! Gemu halijamtoka. Kisha tabasamu likamwisha lenyewe, kwa sababu alikuwa amefikiri hatua moja zaidi.

"Mbona mimi simwoni?"

"Kuna mahali mtu anaweza kuchagua aonekane hayupo," Shamimu alisema polepole, akichagua maneno. "Anacheza kama kawaida, ila kwa wenzake jina linabaki la kijivu. Tena naona hayuko kwenye kisiwa chenu. Amefungua kingine, cha kwake."

"Tangu lini?"

"Mwezi wa nane."

Nje muuza machungwa alipita akigonga kisu kwenye bakuli lake. Kassimu alisubiri kelele ipite.

"Nifungulie saa za Jumamosi."

"Kaka, za nini tena?"

"Nifungulie, Shamimu."

Zilikuwa zimeandikwa zote, kwa sababu mkuu wa familia anaruhusiwa kuona. Jumamosi iliyopita Hafsa aliingia saa saba na nusu mchana, akatoka saa kumi kasoro dakika kumi. Akarudi saa kumi na mbili na dakika tano. Jumamosi ya kabla yake aliingia saa nane, akatoka saa kumi kasoro dakika kumi, akarudi saa kumi na mbili na dakika tisa. Na ya kabla ya hiyo. Na nyingine. Kassimu alifuata mistari ile kwa kidole juu ya kioo, na kila alipofika mwisho wa mstari kidole kilisimama mahali palepale.

"Saa kumi ni saa yangu," alisema.

"Najua, kaka."

"Anatoka kabla sijaingia."

 Shamimu aliinuka, akafungua lile friji, akamtolea maji, na Kassimu akayapokea bila kuyanywa. Hakuna kilichositishwa siku ile.

Alipotoka nje alikalia pikipiki yake bila kuiwasha, akampigia Farida. Kwa njia aliyozoea, alishajua nani mkosaji kabla simu haijapokewa.

"Umemfundisha mtoto anikimbie," alisema, hata salamu hakutoa. "Wewe na mumeo. Mmemfundisha kujificha."

"Kajificha wapi? Unasema nini, baba Hafsa?"

"Gemu! Miezi mitano nakaa peke yangu kama mwehu, kumbe mtoto anacheza kila siku!"

 Mtoto mchanga alilia mahali fulani nyuma ya Farida, na Kassimu akadhani ni wa jirani.

"Kassimu," Farida alisema, na ilikuwa miaka tangu amwite kwa jina tupu. "Kila Jumamosi saa kumi mimi na Suleimani tunatoka sebuleni ili Hafsa azungumze na wewe kwa nafasi. Tunakwenda kukaa kwa mama mwenye nyumba mpaka karibu na magharibi. Tukirudi tunamuuliza, umecheza na baba? Anasema ndiyo, baba anawasalimia."

Kassimu hakuwahi kutuma salamu hizo. Alijaribu kukumbuka kama amewahi kumsalimia Farida, hata mara moja, tangu waachane.

"Anawasalimia," alirudia.

"Kila wiki. Juzi alisema umempa pole Suleimani kwa malaria."

Ghadhabu yote ikamtoka Kassimu. Alibaki ameshika simu katikati ya jua la saa sita, na mtu aliyempita akimwita fundi, fundi, hakumjibu.

"Nipe nizungumze naye," alisema mwishowe.

"Hapana. Siyo hivi ulivyo sasa. Akitoka shule nitamuuliza mimi kwanza. Wewe piga saa kumi na moja." Kisha, kabla hajakata, akaongeza, "Na ukipiga, msikilize. Usimhoji."

Saa kumi na moja Kassimu alikuwa Mikindani, nyuma ya nyumba ya mteja, amekaa juu ya ngazi yake aliyoilaza chini. Hafsa alipokea. Sauti yake ilikuwa imebadilika kidogo tangu waongee mara ya mwisho, imeshuka, ya msichana wa miaka kumi na moja.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mwanangu. Mama amekuambia?"

"Amesema hutanigombeza."

"Sikugombezi. Niambie tu kwa nini."

Lilikuwa swali. Aliliona likitoka mdomoni na hakuweza kulirudisha. Mtoto akasema kwa haraka, kama mtu aliyekariri.

"Baba, ukija unauliza. Unauliza mama amelala wapi. Unauliza Baba Sule anakuja na nani, wanagombana au hawagombani, nani ananunua chakula. Nikikujibu unampigia mama, halafu mama analia bafuni anafungulia maji. Nisipokujibu unanyamaza mpaka tunamaliza, na mimi naogopa. Sijui nikujibu nini. Ndiyo nikajificha."

Kassimu alifunga macho. Aliyakumbuka maswali yote, moja moja. Alikuwa akiyapitisha katikati ya mchezo, kwa sauti ya kawaida kabisa, akidhani hayasikiki kuwa ni maswali. Hebu nipe hayo mawe, Hafsa. Enhe, na jana mlikula nini, mlikula wote? Alidhani anacheza na mtoto.

"Na Jumamosi," alisema, "kwa nini unatoka kabisa? Si umeshajificha, ungeendelea tu na kisiwa chako."

"Mimi nakuona, baba. Wewe hunioni lakini mimi nakuona. Jina lako linawaka. Nikiona umekaa kule peke yako siwezi kucheza. Kwa hiyo natoka kabla halijawaka."

Mke wa mteja alitokeza mlangoni kuuliza kama kiyoyozi kimepona. Akamwona fundi alivyoinama, akarudi ndani taratibu.

"Nisamehe, mwanangu," Kassimu alisema.

"Sawa, baba."

"Tucheze Jumamosi hii. Wallahi siulizi kitu."

"Sawa, baba," alisema Hafsa, kwa sauti ileile ambayo watoto huitumia kukubali dawa.

Siku zile zilizobaki Kassimu alifanya kazi nyingi kuliko kawaida. Jumamosi alioga, akavaa shati safi kana kwamba ataonekana, akaswali, akakaa kwenye mkeka. Saa kumi na dakika mbili jina la Hafsa likabadilika kutoka kijivu kuwa kijani.  Ukaja mwaliko wa kuingia kwenye kisiwa kipya, akaukubali.

Kilikuwa kikubwa na kizuri kuliko kile cha kwanza. Barabara zilipinda zilivyotaka, zikapanda kilima, zikazunguka bwawa, hakuna aliyezinyoosha. Hafsa alikuwa amesimama getini akimsubiri.

"Karibu, baba."

"Ahsante. Nimekaribia."

Kisha Kassimu akagundua jambo ambalo hakuwa amelitarajia. Hakuwa na la kusema. Kila sentensi iliyomjia ilikuja na mkia wa swali. Mnakaaje huko. Shule inaendaje. Hili bwawa ulijenga lini, ulijenga na nani. Aliumeza mkia, na sentensi nzima ikafa pamoja nao. Miaka kumi na moja alikuwa baba, na njia pekee aliyoijua ya kuzungumza na mtu anayempenda ilikuwa kumhoji. Akatembea nyuma ya mtoto kimya, akisikia pumzi zake kwenye spika.

"Hili ni ghala," Hafsa alisema. "Hili ni zizi. Kondoo nimewapaka rangi."

"Naona. Wamependeza."

"Hii ndiyo nyumba."

Ilikuwa nyumba ya mawe yenye vyumba vitatu. Wakaingia. Sebule, meza, viti. Chumba cha kwanza kilikuwa na kitanda kimoja na rafu ya vitabu, ni wazi kilikuwa chake. Chumba cha pili kilikuwa na vitanda viwili vilivyounganishwa, na kando yake, karibu na dirisha, kitanda kidogo cha nne, kimezungushiwa uzio wa mbao.

Kassimu alisimama mbele ya kile kitanda. Alihisi Hafsa naye amesimama, nyuma yake, ameacha hata kugusa vitufe. Mtoto alikuwa anangoja. Swali lilikuwa limejaa mdomoni mwa Kassimu kama tonge la moto, na alijua kwamba akilitema sasa, jina lile la kijani hataliona tena. Alikuwa na jibu tayari, maana yule mtoto mchanga aliyelia kwenye simu alikuwa amerudi masikioni mwake. Lakini alitaka kuambiwa. Alitaka kuuliza lini, na anaitwa nani, na kwa nini hakuna aliyeona kwamba yeye anapaswa kujua.

"Umejenga vizuri," alisema. "Uzio umeupima sawasawa. Hakuna mwanya."

Hafsa alisogea, akasimama kando yake.

"Ni cha Asadi," Hafsa alisema, polepole. "Mama amejifungua mwezi wa kumi na mbili. Anafanana na Baba Sule lakini vidole vyake ni kama vyangu."

"Alhamdulillahi," Kassimu alisema. "Mungu amkuze."

Alisema hivyo kwa sauti nzima, na akashukuru kwamba gemu lile halionyeshi nyuso. Chumba cha tatu kilikuwa jiko. Alitazama huku na huku bila kutaka kutazama. Vitanda vilikuwa vinne, na watu wa nyumba ile walikuwa wanne. Hakuuliza.

Wakacheza saa nzima. Walichimba mawe ya upande wa kaskazini, yeye akichimba, mtoto akipanga, na kwa dakika chache, walipofukuzwa na nguruwe-mwitu, Hafsa akacheka kama zamani. Halafu wakarudi kwenye kimya. Ilipofika saa kumi na moja akasema, "Baba, nimechoka kidogo. Nikienda utakasirika?"

"Sikasiriki. Nenda, mama."

"Kile kisiwa cha zamani," alisema mtoto akiwa mlangoni pa gemu, "wewe bado unakwenda?"

"Huwa nakwenda."

"Usiende tena, baba. Kule hakuna mtu."

Jina likawa la kijivu. Safari hii, Kassimu alijua, alikuwa ameondoka kweli. Lakini alipokaa na mashine imewaka, kidole chake kilianza kumwasha. Shamimu alikuwa amemwekea ule ukurasa wa familia kwenye simu. Angeweza kufungua na kuona kama mtoto ameondoka au amejificha. Angeweza kesho, na keshokutwa, kila saa. Aliitazama simu ilivyolala kwenye mkeka. Alikumbuka simu ya Farida, ile ambayo yeye alikuwa akiifungua kwa siri Farida akiwa bafuni. Akaifungua hii ya kwake. Hafsa alikuwa ameondoka kweli, kama alivyosema. Na Kassimu hakupata raha yoyote kwa kujua.

Jumatatu alirudi Chikongola. Tarehe ilikuwa kumi na saba.

"Unasitisha?" Shamimu aliuliza.

"Hapana. Nataka mama yake ndiye awe mkuu wa familia. Mimi nitoke."

"Utaendelea kulipa?"

"Nitamtumia Farida pamoja na hela ya matumizi. Ila awe yeye."

Shamimu akafungua masharti, akayasoma kimoyomoyo, kisha akamgeukia. "Ni haki yangu kukwambia. Ukimkabidhi mtu mwingine, hutaona tena mtoto anaingia saa ngapi wala anatoka saa ngapi. Na ukitoka kwenye familia, mfumo hautakuruhusu kuingia tena kwenye familia yoyote mpaka upite mwaka mzima. Hata wakikuita. Na kile kisiwa cha kwanza kilifunguliwa kwa jina lako. Cha mtoto kitabaki, lakini hicho kitakwenda na wewe. Miezi sita, basi."

"Mwaka mzima."

"Mwaka mzima. Unaweza kukaa hivihivi, kaka. Hakuna anayekufukuza. Kaa tu na usiangalie."

Kassimu alicheka kidogo, bila furaha. "Mimi najijua, dada. Nitaangalia. Leo sitaangalia, kesho sitaangalia, Ijumaa nitaangalia. Na nikiangalia nitauliza."

Wakampigia Farida. Aliwasikiliza, akauliza mara mbili kama Kassimu yuko sawa, akakubali kwenye simu yake kila kilichotakiwa kukubaliwa. Shamimu akamsogezea Kassimu kompyuta ili abonyeze mwenyewe. Maandishi yalikuwa ya Kiingereza, na Kassimu, ambaye Kiingereza chake ni cha vibandiko vya nyuma ya majokofu, alimwomba amsomee.

"Pameandikwa, Ondoka kwenye familia," Shamimu alisema, akitazama pembeni. "Chini yake wanauliza, Una uhakika?"

Kassimu alibonyeza. Kisha akakaa pale dakika kama tano, mikono magotini, wateja wawili wakaja wakatoa nakala wakaondoka. 

Kwa wiki tatu Hafsa hakupiga. Kassimu alikuwa amemtumia ujumbe mmoja kupitia kwa mama yake, kwamba gemu ni lake, asijifiche tena, na akitaka kumpigia baba apige siku yoyote, asipotaka si kosa. Kuuandika kulimchukua Jumapili nzima kwa sababu kila mara aliukuta una swali mahali fulani. Jumamosi saa kumi alijifunza kutoka nje. Mara ya kwanza alikwenda hadi Shangani akarudi bila kujua alifuata nini. Mashine ya gemu aliiweka juu ya kabati, hakuiuza.

Wiki ya nne mfanyabiashara mmoja wa samaki wa Msimbati alimwita, majokofu yake matatu ya kugandishia yalikuwa yamelala kwa pamoja. Kassimu alikaa huko siku mbili, upande ambao simu ilikuwa ikishika mtandao kwa kubahatisha. Alitengeneza mawili, la tatu akamwambia mwenyewe ukweli kwamba limekufa. Siku ya kurudi, alipofika karibu na Madimba, simu ikatetemeka mfukoni. Akasimamisha pikipiki kando ya shamba la mihogo. Palikuwa na simu moja ya Farida ambayo haikupokelewa, ya jana, saa kumi na mbili jioni.

Akapiga.

"Alikuwa Hafsa," Farida alisema. "Aliomba simu mwenyewe. Sasa hivi yuko chuoni, anasoma Kurani mpaka magharibi."

"Kuna shida—" Kassimu alianza, akajikata.

Farida alisubiri kidogo, akaelewa. "Hakuna shida. Alisema alitaka kukusalimia tu."

"Basi," Kassimu alisema. "Mwambie salamu zimefika. Na wewe hujambo. Na mtoto. Na... na Mwalimu, msalimie."

Upande wa pili Farida alivuta pumzi. "Zitafika, baba Hafsa," alisema.

Kassimu alirudisha simu mfukoni. Magari mawili yalipita yakielekea mjini, na mwanamke mmoja mwenye jembe begani akamsalimu, naye akaitikia kwa kuinua mkono. Alikuwa hajavua helmeti. Alishusha kioo chake mpaka chini, akakaa juu ya pikipiki na kulia humo ndani, kwa muda mrefu, mpaka kioo kikaingia ukungu na barabara ikawa haionekani. Alipomaliza alikipangusa kwa shati, akawasha, akaenda zake Chuno.